Mali Bila Daftari: Steven Kanumba na Haki ya Mtayarishaji wa Filamu

Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii huelekezwa zaidi kwa wenye maduka, lakini katika insha hii tunakusudia kuitumia kupima sanaa iliyo changa miongoni mwa sanaa zetu, yaani sanaa ya filamu. Tutayatazama maisha ya kazi ya Steven Charles Kanumba, mzaliwa wa Shinyanga, aliyeanza akiwa mwigizaji, kisha akawa mwongozaji, na hatimaye mtayarishaji mwenye kampuni yake mwenyewe. Alifariki dunia mwaka 2012 akiwa na umri wa miaka 28. Watu wengi humkumbuka kwa sura na sauti yake. Sisi tutamkumbuka kwa swali ambalo kazi yake inatuachia: mtu aitwaye mtayarishaji huru, uhuru wake huanzia wapi na huishia wapi?

Swali hili halijibiki bila kurudi nyuma kidogo katika historia. Filamu ni sanaa ya gharama. Mshairi huhitaji kalamu na karatasi, na manju huhitaji ngoma na watu wake. Lakini mpiga filamu huhitaji mitambo, mafuta ya gari, chakula cha wasanii na fedha za kusubiria mpaka kazi iuzwe. Kwa hiyo katika kila kipindi cha historia ya filamu nchini mwetu yafaa tuulize mambo mawili: ni nani aliyelipa, na aliyelipa alitaka nini?

Katika miaka ya 1935 hadi 1937 walilipa wageni. Huko Vugiri, katika milima ya Usambara, palianzishwa jaribio la kutengeneza filamu za kuwafundisha Waafrika. Jaribio hilo liliongozwa na Meja L. A. Notcutt pamoja na G. C. Latham, na sehemu kubwa ya fedha zake ilitoka katika Shirika la Carnegie la Marekani. Filamu zipatazo 35 zilitengenezwa, zikapakiwa katika lori na kuonyeshwa Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Masomo yake yalikuwa kilimo bora, afya, na faida ya kuweka akiba posta. Waigizaji walikuwa Waafrika, lakini mawazo, kamera na mizani ya kupima lililo jema vilikuwa mikononi mwa wengine.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 ilikuja kampuni kutoka Afrika Kusini ikapiga filamu za Kiswahili nchini. Mojawapo ni Muhogo Mchungu, ambayo mwigizaji wake mkuu alikuwa kijana Rashidi Mfaume Kawawa. Kijana huyo alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika mwaka 1962. Watu walifurahi kuisikia lugha yao ikitoka katika kitambaa cheupe, ingawa mwenye mitambo alikuwa bado mgeni.

Baada ya Uhuru mlipaji akawa Serikali. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, ikapewa kazi ya kuingiza, kusambaza na kutengeneza filamu. Katika miaka ya 1970 ilitoa Fimbo ya Mnyonge, iliyohubiri Ujamaa, na katika miaka ya 1980 ilishirikiana na wasanii wa nje kutoa kazi kadhaa. Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge pamoja na Ron Mulvihill, ilisimulia habari za uganga wa jadi na tiba ya hospitali. Hizi ni kazi za heshima. Lakini zilikuwa chache, kwa kuwa kupiga filamu kwa ukanda wa selulosi kulihitaji fedha za kigeni, na kazi ya kukamilisha mara nyingi ilifanyika ng'ambo. Hazina ilipokauka, kamera nazo zilinyamaza.

Ndipo ikaja video. Mtambo wake ulikuwa rahisi, na kanda yake haikuhitaji kusafishwa kwa dawa. Mwaka 1994 vituo vya televisheni vya watu binafsi vilianza kurusha matangazo Tanzania Bara. Kila mji ukawa na vibanda vya video, vilivyojengwa kwa mbao na mabati, na mahali pasipo na umeme jenereta lilinguruma nyuma ya ukuta. Katika vibanda hivyo zilionyeshwa filamu za Hong Kong, India, Marekani na baadaye Nigeria. Walizuka hata mafundi wa kuzifasiri kwa sauti zao wenyewe, na maarufu miongoni mwao ni Derek Mukandala aliyejulikana kwa jina la Lufufu. Hadhira ya Kiswahili, basi, ilikuwa imekwisha kukaa katika mabenchi, ikilipa kiingilio kwa hiari yake, ikingoja sura zinazofanana nayo. Kilichokosekana ni mtu wa kuthubutu.

Waliothubutu walikuwa wengi, na si haki kumpa mmoja sifa zote. Filamu iitwayo Girlfriend, iliyoongozwa na George Otieno Tyson na kutolewa mwaka 2003, ilionyesha kwamba hadithi ya vijana wa Dar es Salaam ingeweza kuuzwa kwa vijana wa Dar es Salaam. Hata hivyo, katika kundi la waliofuata, hakuna aliyeenea katika midomo ya watu kumshinda Kanumba.

Steven Kanumba alizaliwa tarehe 8 Januari 1984 mkoani Shinyanga. Alisoma katika Shule ya Msingi Bugoyi, kisha sekondari ya Mwadui, kabla ya kuhamia Dar es Salaam kuendelea na masomo. Nchi aliyotoka ina mambo mawili yanayofaa kuzingatiwa na yeyote anayetaka kuielewa kazi yake.

Jambo la kwanza ni desturi ya mashindano ya ngoma. Wasukuma, tangu karne ya 19, wamekuwa na vyama viwili vikuu vya ngoma, Bagika na Bagalu. Baada ya mavuno vyama hivi hukutana uwanjani, vikacheza kwa wakati mmoja, kila kimoja upande wake. Mshindi hupatikana kwa kuangalia ni upande gani uliovuta watu wengi zaidi. Kwa sababu hiyo wachezaji hawaachi kubuni mambo mapya: wengine huja na nyoka, wengine na sanamu za mbao, wengine na majembe yanayorushwa hewani kwa mpigo mmoja. Katika sanaa ya namna hii mtazamaji anaweza kugeuka na kuondoka wakati wowote, na msanii anayajua hayo. Hatudai kwamba Kanumba alikuwa mcheza ngoma. Tunasema tu kwamba mizani aliyokuja kupimwa nayo, yaani mizani ya umati, haikuwa ngeni katika nchi yake.

Jambo la pili ni madini. Mwadui, ambako kijana huyu alisoma, si kijiji cha kawaida. Mwaka 1940 mjiolojia John Williamson kutoka Kanada aligundua almasi mahali hapo, na mgodi uliofunguliwa ukajulikana duniani. Mwaka 1947 lilipatikana huko jiwe la rangi ya waridi lenye karati 54.5. Lilipelekwa London kuchongwa, likabaki na karati 23.6, akapewa Binti Mfalme Elizabeth kuwa zawadi ya arusi. Shinyanga ilitoa jiwe. Kuchongwa kwake na kuvaliwa kwake kulikuwa kwingine. Yafaa kuikumbuka habari hii tunapofuata safari ya kijana aliyetoka hukohuko kwenda Dar es Salaam na kipaji ambacho hakijachongwa bado.

Huko Dar es Salaam alijiunga na kikundi cha Kaole mnamo mwaka 2002. Kaole kilikuwa chuo kisicho na cheti. Michezo yake ilirushwa katika televisheni wiki kwa wiki, na kijana aliyeingia alijifunza kukariri haraka, kusimama mbele ya kamera bila woga, na kutoa machozi pale yanapohitajika. Nyota wengi wa filamu za baadaye walipitia mikono hiyo.

Kutoka televisheni aliingia katika filamu za kuuzwa madukani. Mwaka 2006 alicheza katika Dar 2 Lagos, iliyotayarishwa na Mtitu Game na kuongozwa na Femi Ogedegbe wa Nigeria, akiwa pamoja na waigizaji wa huko. Filamu hiyo ilikuwa daraja. Wanaijeria walikuwa wamewatangulia Watanzania kwa zaidi ya miaka kumi katika kutengeneza video kwa mtaji mdogo na kuziuza kwa wingi, na sasa Watanzania walikwenda kuutazama ufundi huo jikoni mwake. Mwaka 2008 ilitoka Oprah, akiwa na Vincent Kigosi na Irene Uwoya. Baadaye Kanumba alianzisha kampuni yake, Kanumba The Great Film, akawa mwenye kutafuta hadithi, kuchagua wasanii, kuongoza na kuigiza. Mwaka 2010 alitoa Uncle JJ, ambamo watoto walipewa nafasi kubwa na kupendwa na familia nzima. Mwaka 2011 alimleta Ramsey Nouah wa Nigeria katika Devil Kingdom. Miaka mitano tu ilikuwa imepita tangu yeye alipokwenda kwa Wanaijeria kama mwanafunzi. Sasa aliwaalika kama mwenyeji.

Zipo lawama zilizotolewa juu ya filamu hizi, na mwalimu anayezijadili na wanafunzi wake hana sababu ya kuzificha. Majina yake mengi yalikuwa ya Kiingereza, ingawa mazungumzo yalikuwa ya Kiswahili. Nyumba zake zilikuwa za kifahari kuliko nyumba za watazamaji. Visa vilirefushwa ili hadithi moja iuzwe katika diski mbili. Baadhi ya mambo, kama wachawi na wachungaji wa uongo, yalifuata mno njia ya Lagos. Lawama hizi zina ukweli. Lakini hata fundi seremala huanza kwa kuiga kiti cha bwana wake. Tena mtazamaji wa Kahama au Geita aliyekwenda dukani kununua diski ya Kanumba hakununua Kiingereza cha kwenye kasha. Alinunua ugomvi wa wifi na shemeji, mirathi, fumanizi, maradhi na toba, mambo anayoyajua, katika lugha anayoota nayo. Kwa mara ya kwanza katika historia tuliyoisimulia, aliyelipia filamu alikuwa mwananchi mwenyewe, kwa fedha ya mfuko wake, bila kuhimizwa na mtu. Hilo ndilo jambo kubwa la kizazi hiki, na halifutwi na kasoro zake.

Sasa tufike katika kiini cha insha yetu. Ikiwa mwananchi ndiye aliyelipa, fedha yake ilipita njia gani mpaka kumfikia msanii?

Njia hiyo inafanana sana na ile inayofuatwa na wachimbaji wadogo wa dhahabu katika ukanda wa Geita, jirani wa Shinyanga. Dhahabu ya huko ilijulikana tangu mwisho wa karne ya 19. Mgodi mkubwa ulifanya kazi tangu miaka ya 1930 hadi 1966, na mgodi mwingine wa kisasa ulifunguliwa mwaka 2000. Pembeni mwa migodi hiyo, katika sehemu kama Nyarugusu na Rwamgasa, wachimbaji wadogo huchimba maduara kwa mikono na kuyaegemeza kwa matimba. Mchimbaji mara nyingi hana mtaji. Anayempa chakula, vifaa na mafuta ya pampu ni mwenye duara au mfadhili wake. Mawe yakipatikana, viroba hugawanywa: mwenye eneo huchukua fungu lake, mwenye duara lake, na wachimbaji hugawana kilichobaki. Kisha hufuata gharama ya karasha, na mwisho mnunuzi anayeshika mizani. Kila mmoja katika mlolongo huu ana kazi yake halali. Lakini aliye karibu na mwamba mara nyingi huwa mbali na bei.

Katika filamu, aliyekaa karibu na mwamba ni mtayarishaji. Alitafuta hadithi, akakodi kamera na nyumba, akalisha wasanii, akamlipa mhariri wa picha. Kazi ilipokamilika aliichukua kanda mama akaenda nayo Kariakoo kwa msambazaji. Wasambazaji walikuwa wachache. Steps Entertainment, iliyosambaza nyingi za filamu za Kanumba, ilikuwa miongoni mwa wakubwa. Msambazaji ndiye aliyekuwa na mtaji wa kuchapa makasha na kurudufu maelfu ya diski, na mawakala wa kuzifikisha Mwanza, Mbeya na Mtwara. Bila yeye filamu ingebaki kabatini. Yeye pia ndiye aliyebeba hasara endapo wezi wa kazi za sanaa wangerudufu diski usiku na kuziuza asubuhi kwa nusu ya bei. Haifai, basi, kumwita mfanyabiashara adui wa sanaa.

Lakini ipo tofauti moja kati ya dhahabu na filamu, na hapo ndipo vijana wengi walipoumia. Jiwe likiuzwa limekwisha. Halitoki tena shimoni. Filamu hubaki. Inaweza kuuzwa katika diski leo, ikaonyeshwa katika televisheni kesho, ikapandishwa katika intaneti mwaka kesho kutwa, ikawekewa tafsiri na kupelekwa nchi nyingine. Mchimbaji aliyeuza jiwe ameuza jiwe moja. Mtayarishaji aliyeuza haki zake zote kwa malipo ya mara moja ameuza duara zima, pamoja na mawe ambayo bado hayajaonekana. Na wako wengi waliofanya hivyo, kwa sababu deni la wapiga picha lilikuwa mlangoni na kodi ya nyumba ilikuwa imefika. Mkataba ulitiwa saini kwa haraka, pengine bila nakala ya pili, pengine kwa Kiingereza cha kisheria ambacho mtia saini hakukielewa.

Hapa ndipo tunapopata jibu la swali la uhuru. Mtayarishaji wa kizazi cha Kanumba alikuwa huru kuchagua hadithi yake, uhuru ambao wale wa Vugiri hawakuwapa waigizaji wao, na ambao hata Kampuni ya Filamu Tanzania haikuweza kuutoa kwa wote. Alikuwa huru mwanzoni mwa kazi. Hakuwa huru mwishoni, pale bei ilipotajwa. Na uhuru wa nusu ya safari hauwezi kumlisha mtu safari nzima.

Sheria haikukosekana. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Namba 7 ya mwaka 1999 ilimpa mtunzi ulinzi maisha yake yote, na miaka 50 baada ya kufa kwake kwa ajili ya warithi. Chombo cha kusimamia haki hizo, COSOTA, kiliundwa chini ya sheria hiyo. Lakini sheria ni kama jembe: likining'inizwa ukutani halilimi. Msanii asiyesajili kazi yake, asiyetunza mswada wake, asiye na nakala ya mkataba, huenda mahakamani mikono mitupu. Sisi tuliopitisha miaka yetu katika ofisi za umma tunalijua jambo hili vizuri. Anayeshinda shauri mara nyingi ni yule mwenye faili.

Kanumba alifariki nyumbani kwake Sinza usiku wa kuamkia tarehe 7 Aprili 2012. Mazingira ya kifo chake yalifikishwa mahakamani na kutolewa hukumu mwaka 2017, nayo si shabaha ya insha hii. Maelfu kwa maelfu ya watu walikusanyika katika viwanja vya Leaders kumuaga, akiwamo Makamu wa Rais Dkt. Mohamed Gharib Bilal, na akazikwa katika makaburi ya Kinondoni. Kwa mila za kwao, tungeweza kusema kwamba siku ile uwanja mzima uligeukia upande wake. Msanii ambaye Serikali haikumwajiri, aliyejulikana kwa diski zilizouzwa barabarani, alipewa heshima ambayo kwa kawaida huwangoja viongozi. Taifa lilikuwa limekiri kwa miguu yake kwamba filamu hizi ni sehemu ya utamaduni wake.

Yaliyofuata yameonyesha kwamba machozi peke yake hayajengi soko. Mwaka 2013 Serikali ilianzisha stempu za kodi kwa kazi za muziki na filamu ili nakala halali zitofautishwe na za wizi. Mwezi Aprili 2017 wasanii wa filamu waliandamana Kariakoo kulalamikia filamu za nje zilizouzwa kwa bei ya chini bila kufuata sheria. Wakati huohuo diski yenyewe ilikuwa ikipoteza soko, watu wakihamia katika ving'amuzi na simu za mkononi. Filamu za Kanumba zilihama pamoja nao, na zimeendelea kutazamwa na watoto waliozaliwa baada ya yeye kufa. Kila zinapotazamwa ipo thamani inayozalika, ndogo au kubwa. Inamwendea nani? Jibu limo katika karatasi zilizotiwa saini miaka ile, na mahali ambapo hazikutiwa saini, jibu halimo popote.

Mwalimu anaweza kulifanya somo hili kuwa la vitendo. Wanafunzi wakiandika mchezo wa kuigiza wa shule, waandike pia katika ukurasa wa kwanza ni nani aliyeutunga, ni nani aliyeuongoza, na tarehe yake. Wakirekodi wimbo kwa simu, wakubaliane kabla ya kuupeleka mahali popote kwamba wimbo ni wa nani. Wajifunze kutofautisha mambo matatu: kuuza nakala, kukodisha haki kwa muda uliotajwa, na kuuza haki yote moja kwa moja. La kwanza ni biashara, la pili ni ushirika, la tatu ni kuhama shamba. Mtu anaweza kuamua kuhama, lakini aamue akijua.

Shinyanga na Geita zimetoa almasi na dhahabu kwa vizazi vingi, na watu wake wamejifunza kwa uchungu kuuliza juu ya mrabaha, leseni na mizani. Katika kipaji hatujazoea bado kuuliza hivyo, kwa sababu kipaji hakionekani kikipakiwa katika gari. Kanumba alituonyesha kwamba mgodi huo upo, na kwamba wananchi wako tayari kuununua mzigo wake. Kazi iliyobaki ni ya daftari, na daftari ni kazi ya shule.